Mama Kanga na Baraza la Vishindo

Masikio mmekuja nayo?

Tumekuja nayo.

Yote mawili?

Yote mawili.

Basi moja mpeni Tembo, jingine mpeni Kanga, maana leo mkubwa na mdogo wanasema pamoja.

Hapo zamani za kale palikuwa na mbuga ya wanyama. Si kale sana, kwa sababu vishikwambi vilikuwepo. Asiyetaka ngano yenye kishikwambi na aende akalale.

Mbuga hiyo ilikuwa na bwawa moja tu. Bwawa lilikuwa na kina kirefu pande zote, isipokuwa upande wa mashariki, penye mchanga. Hapo maji yalikuwa ya kufika kifundo cha mguu. Hapo ndipo Mama Kanga alipowanywesha vifaranga wake kumi na mmoja. Pengine pote, kifaranga akiinama kunywa, anazama.

Siku moja Kiboko akapeleka ombi barazani. Alitaka mchanga ule uwe wake peke yake, ajigaragaze mpaka ngozi ipoe. Mama Kanga aliposikia, akawahesabu vifaranga wake. Kiangazi kilikuwa mlangoni. Mchanga ukienda, na watoto wake wamekwenda.

Sasa sikilizeni desturi ya baraza lile. Wanyama wale waliamua mambo kwa vishindo. Mwenyekiti, Mzee Tembo, huuliza, "Wanaokubali?" Wanaokubali hupiga miguu chini. Kisha huuliza, "Wanaokataa?" Nao hupiga. Kishindo kikubwa ndicho kinachoshinda. Kiboko akipiga mguu, ardhi inatikisika. Kanga mia wakipiga miguu, hata vumbi haliinuki. Na Tembo hakuwa mbaya, jamani. Alikuwa akisema kwa moyo mweupe, "Naona ndugu zetu kanga hawana neno." Mambo yanapita.

Mama Kanga akaenda kwanza kwa Ngiri, karani wa baraza. Ngiri aliandika maamuzi yote kwenye magome ya miti, na magome yote aliyaficha shimoni mwake.

"Hodi, Bwana Karani. Naomba kuona yaliyoandikwa kuhusu bwawa."

"Maandishi yako salama," akasema Ngiri, amekaa mlangoni na meno yake nje.

"Nataka kuyaona."

"Kila mtu akiyaona, yatakuwa salama kweli?"

Mama Kanga akaondoka, vifaranga nyuma yake, mpaka kwa Mwenyekiti.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, Mama. Kuna nini?"

"Mzee, jicho langu halijaona, sikio langu halijasikia, unyayo wangu haujahesabiwa. Nami ni wa mbuga hii."

Tembo akaacha kutafuna. "Unyayo wako? Kwani huwa mnapiga miguu?"

"Miaka yote, Mzee. Mpaka kucha zinauma."

Tembo akaona haya. Mimi kwa hilo nampenda. Wapo wakubwa wengi ambao wangemfukuza yule mama na watoto wake. Yeye akainuka, akaenda kwenye shimo la Ngiri, akapuliza vumbi ndani kwa mkonga wake. Ngiri akatoka akipiga chafya, na magome yakatoka pamoja naye.

Kisha akamwita Tumbili fundi. Tumbili alikaa mjini miaka mitatu, juu ya paa la kibanda cha kutengeneza simu, akachungulia kila kitu mpaka akajua. Aliporudi, alirudi na kishikwambi na sola yake. Akayapiga picha magome yote, moja baada ya jingine, mpaka vidole vikamuuma.

Tembo akasema, "Kitundike juu, wote waone."

Tumbili akakitundika juu kabisa ya mgunga. Twiga akaja, akasoma yote, akashukuru, akaendelea kula majani. Wengine wakatazama juu mpaka shingo zikakakamaa.

Mama Kanga akarudi. "Mzee, jicho langu halijaona, sikio langu halijasikia, unyayo wangu haujahesabiwa."

"Kweli," akasema Tembo. "Tumbili, kishushe."

Tumbili akakishusha, akakiegemeza chini kwenye jiwe. Mama Kanga akakiona, na vifaranga wakakiona, wakakidonoa kidogo. Lakini kilikuwa herufi tupu, na waliojua kusoma ni watatu tu. Ngiri akajitolea kuwasomea wenzake. Akasoma, "Hapa pameandikwa kwamba kila kitu kiko sawa." Akageuza. "Na hapa pia."

Mama Kanga akarudi. "Mzee, jicho langu limeona. Ila sikio langu halijasikia, unyayo wangu haujahesabiwa."

"Kweli," akasema Tembo. "Tumbili, kitie sauti."

Tumbili akakesha na kazi hiyo. Asubuhi kishikwambi kikawa kinasema. Kikasema kwa lugha ya ndege, kwa lugha ya wenye kwato, hata kwa lugha ya vyura. Wanyama wakajaa kusikiliza mambo yao wenyewe, na wengine walilia, kwa sababu hawakuwahi kuambiwa. Kikafika kwenye gome kuukuu kuliko yote, kikasema, "Mwaka wa nzige, bibi yake Tembo akiwa mwenyekiti, baraza liliamua kwamba mchanga wa mashariki ni wa wenye miguu mifupi."

"Bibi yangu?" akauliza Tembo.

Wote wakamgeukia Ngiri. Ngiri akaanza kukagua kwato zake.

Kiboko akasema, "Hayo ni ya zamani. Baraza liamue upya, tupige miguu." Akauinua wake tayari.

Mama Kanga akasimama mbele ya mguu ule. "Mzee, jicho langu limeona, sikio langu limesikia. Unyayo wangu haujahesabiwa."

Tembo akamtazama Tumbili. Tumbili akagusa hapa, akagusa pale, akakiweka kishikwambi mchangani. "Kila mmoja aguse kioo kwa unyayo wake, mara moja. Kushoto kwa anayekubali ombi, kulia kwa anayekataa."

Tembo akatangulia, akakigusa taratibu kwa ncha ya kidole cha mguu, kulia. Kishikwambi kikasema, "Moja."

"Mimi wote huu, moja tu?"

"Moja."

Tembo akacheka mpaka masikio yakapiga mbavu. Akasogea wengine wapite.

Ngiri akagusa kushoto kwa kwato ya mbele. "Moja." Akazunguka, akagusa kwa kwato ya nyuma. "Ngiri, umeshagusa." Akarudi kinyumenyume, akagusa kwa makalio. "Ngiri, hiyo si kwato." Watoto wa mbuga nzima wakaanguka kwa kicheko.

Mama Kanga akaja, akaweka unyayo wake mwembamba kwenye kioo. "Moja," kikasema, kwa sauti ileile kiliyotumia kwa Tembo. Machozi yakamtoka. Nyuma yake kanga wote wakapanga foleni, na kwale, na sungura, na vyura wakiruka mmoja mmoja.

Hesabu ikatoka. Waliokubali ombi, thelathini na mmoja. Waliokataa, mia nne na kumi. Kiboko akakuna kidevu, akasema, "Sikujua mko wengi hivyo." Akaenda upande wa magharibi penye tope, na tope likamfaa kuliko mchanga. Ngiri naye tangu siku hiyo huingia shimoni kinyumenyume, uso nje, kuangalia nani anakuja kuuliza maandishi.

Na vile vishindo vikaisha. Baraza lililofuata lilikuwa kimya, kimya kabisa. Katika kimya hicho Tembo akasikia sauti ndogo kutoka upande wa mashariki, ambayo hakuwahi kuisikia maishani mwake. Akauliza ni nini.

"Ni vifaranga, Mzee," akasema Mama Kanga. "Wanakunywa maji."

Ngano hii yafunza kwamba mambo ya wote yawekwe mahali ambapo wote watayaona na kuyasikia, na kila mmoja ahesabiwe mmoja, mkubwa kwa mdogo. Nawe usipohesabiwa, rudi tena useme, hata mara ya tatu.

Ngano nimeitua hapa mchangani. Kila mmoja aondoke na unyayo wake.