Galoni la Bosi Shekiondo

Bosi Shekiondo, mwenye duka la oili na mwenye kiwanja cha gereji, alimtumia fundi mpangaji wake salamu siku moja kabla kwamba analeta mkataba wa oili, kisha akaja mwenyewe na karatasi.

"Fundi Mwanahawa, saini hapa. Kila gari linaloingia humu litawekwa oili ya dukani kwangu tu. Ukikataa, kesho uhame."

Oili hiyo ilikuwa nyepesi kama chai ya rangi, na Tanga nzima iliijua. Mwanahawa alisaini bila kusita.

"Basi tufungue na gari lako, bosi, wateja waone mfano."

Wateja tulikuwa watano, wa mwisho mimi na kigari changu kinachofuka kama tanuri la mkaa. Bosi angekataaje mbele yetu? Akasogeza gari lake jipya la turbo. Mwanahawa akalegeza nati ya chini, oili ya zamani ikamwagika yote, kisha akainua galoni lenye nembo ya duka la bosi.

Bosi akamdaka mkono. "Una wazimu? Hili lina turbo! Hiyo italiua!"

"Na magari yetu je?" nikauliza.

"Kwenye buti kuna oili nzuri, fundi. Weka hiyo."

"Siwezi, baba. Nimesaini ya dukani kwako tu."

Bosi aliichana karatasi vipande vipande. "Haya, weka unayotaka, wewe na wateja wako!"

Mwanahawa akamimina galoni lilelile. Bosi akapiga yowe.

"Tulia, baba. Galoni ndilo lako. Oili ni ya turbo, niliibadilisha jana nilipopata salamu zako."