Kipande cha Reli Hakikatwi

Tulia wewe unayecheka huko nyuma, maana nikimaliza nitaanza na wewe kuuliza.

Pale Isenga, mji uliozaliwa na reli, walikuwapo mafundi watatu. Mihayo alikuwa fundi wa vyuma. Bati likiingia mikononi mwake lilitoka na sura. Kasanda alikuwa seremala, na mbao zilimtii. Nyamizi alikuwa mshona nguo, jicho lake likipima kabla ya tepu. Tena baba yake ndiye aliyekuwa akigonga kile kipande cha reli kilichoning'inizwa stesheni, watu wajue treni inakuja. Stesheni ikafungwa, baba akafa, kipande kikabaki na kutu yake.

Basi kamati ya mji ikatangaza maonyesho. Atakayetengeneza treni ndogo iliyo sawasawa na ile ya Isenga, apewe kipande kile kiwe chake. Nyamizi aliposikia alisema, "Hicho hakiendi kwa mtu baki nikiwa hai." Akawatafuta wenzake.

Wakakubaliana kwamba kila mita ya treni ya kweli iwe sentimita mbili. Reli ya Isenga ilikuwa na upana wa mita moja, kwa hiyo reli yao ndogo nayo ikawa na upana wa sentimita mbili.

Mihayo akakaa na bati mpaka vidole vikachanika. Kichwa cha treni kikatoka na taa yake, bomba lake, hata ngazi ya dereva. Kikawekwa relini, kikaenda.

Kasanda akachonga mabehewa. Lakini yeye aliwahi kufanya kazi kwenye reli mpya, ile pana ya karibu mita moja na nusu, na mazoea yana taabu. Zile sentimita mbili akazichukulia kuwa ndiyo reli pana, akapunguza kila kitu kwa hesabu hiyo. Magurudumu yakakaa relini vizuri kabisa, Mihayo akapiga makofi.

Nyamizi hakupiga. Alikuwa ameshona abiria wa kitambaa kwa kipimo walichokubaliana. Akamsogeza kwenye mlango wa behewa, naye akagota: mlango ulimfika kifuani tu.

"Magurudumu si yameenea?" Kasanda akajitetea.

"Kaka, suruali yaweza kukuenea kiunoni na bado ikaishia magotini. Reli ni kiuno tu. Mimi nataka na miguu."

Kasanda akanuna. Kisha akachukua nyundo mwenyewe, akayavunja mabehewa yote, akaanza upya.

Siku ya maonyesho wakakuta mwamuzi ametandika mezani reli ndogo zilizopimwa kwa ile reli mpya, pana. "Treni yenu haikai hapa," akasema. "Panueni magurudumu, au mwondoke."

Nyamizi alihisi hasira ikimpanda. "Bwana mwamuzi, Isenga haijapita treni ya upana huo. Baba yangu alizeeka kwenye reli ya mita moja. Hatupanui hata unywele, na hatuondoki."

Kasanda akatandika reli zao juu ya zile za kamati. Mihayo akaweka kichwa, wakaunga mabehewa, treni ikaenda. Bibi mmoja aliyewahi kuipanda akasema, "Ndiyo yenyewe." Mwamuzi akakohoa, akakiri wameshinda. "Ila kipande ni kimoja. Nani anakichukua?"

"Mimi," akasema Mihayo. "Bila kichwa changu, hayo mabehewa ni masanduku."

"Wewe ulijenga mara moja," akasema Kasanda. "Mimi nilijenga, nikabomoa, nikajenga. Nani mwingine hapa aliivunja kazi ya mikono yake?"

"Bila jicho langu mngeleta kituko," akasema Nyamizi, "na bila mdomo wangu mngefukuzwa. Wala msinionee huruma kwa sababu ya baba. Nipeni kwa haki yangu, au msinipe."

Mtu akaleta msumeno, kigawanywe vipande vitatu. Nyamizi akaokota jiwe, akakigonga. Kikalia, mji mzima ukageuka kutazama stesheni.

"Kikatwe, muone kama kitalia hivyo tena," akasema.

Hakuna aliyekata. Watatu hao bado wamesimama, kila mmoja ameweka mkono juu ya chuma, na hakuna anayeondoa. Haya, wewe uliyekuwa ukicheka, simama: ungemwambia nani aondoe mkono wake?