Mtungi Uliotobolewa Mlangoni

Kabla sijafungua kinywa, fungueni viganja. Vinyoosheni mbele, nivione. Hivyo hivyo. Wewe uliye nyuma, ficha kicheko, usifiche mkono.

Jana mmoja wenu aliniuliza swali, nami nikalala nalo. Alisema kwao mama yake, ng'ambo ya mto, mtungi ukitoboka hutupwa jalalani. Kwa nini basi sisi huku tunatoboa mtungi mzima kwa makusudi, tukautundika mlangoni, na kwa nini mtu mzima mwenye njaa husubiri watoto wamalize kuimba ndipo auguse ugali? Nilimwambia asubiri wenziwe wote wawepo. Leo mpo. Hii si hadithi ya kuchekesha, ingawa ilianza kwa mchezo.

Hapo kale, kilima hiki kilikuwa cha wafinyanzi watupu. Mama alifinyanga, binti alifinyanga, na bibi asiyeweza tena kuinuka alifinyanga akiwa amelala ubavu. Msimu wa kazi ulianza mvua zilipokatika na kwisha siku ya kuchoma vyungu. Na katika siku zote hizo, kuanzia donge la kwanza la udongo mpaka moto, mfinyanzi hakuosha mikono. Waliamini kwamba ufundi umekaa ndani ya viganja kama utomvu ndani ya shina, na kwamba maji yakiupitia, unakwenda nayo bondeni. Mikono ilifutwa kwa jani, basi. Jioni mama aliwapaka wanawe viganja vyake vyenye udongo, kiganja kwa kiganja, ili ufundi uhamie kwao. Kwa hiyo watoto nao hawakuosha. Waliketi kuzunguka chano kimoja, wakamega ugali, wakachovya mlenda, wakalambana vidole kwa mapenzi.

Mtungi uliotobolewa ulikuwa wa kaburini. Mtu alipozikwa, jamaa zake walitoboa mtungi tumboni kwa msumari wa mfupa, wakaujaza maji, wakautundika kwenye kijiti juu ya kaburi. Maji yalidondoka mpaka yakaisha. Walisema marehemu anakunywa kwa mara ya mwisho. Ulipousikia mlio ule, ti, ti, ti, ulijua kuna mtu ameondoka.

Ukaja mwaka ambao mvua ilinyesha katikati ya kiangazi. Shimo la udongo lilikuwa chini ya vichaka ambako watu walikwenda kujisaidia, na mvua ile iliteremsha kila kitu kilichokuwa vichakani hadi shimoni. Hakuna aliyewaza lolote. Udongo uliolowa ni udongo mzuri, waliushukuru.

Ndipo akaja yule ambaye wazee walimwita Mgeni. Jina lake halisi hakuna aliyelijua. Alianza kwa mtoto mmoja. Asubuhi mtoto alitapika. Mchana akaharisha maji meupe kama ya kuoshea mchele. Jioni macho yalikuwa yamezama, na ngozi ya mkono, ukiifinya, ilibaki imesimama kama udongo uliofinywa. Kesho yake alizikwa. Kesho kutwa walikuwa wawili, kisha wanne. Kando ya kijiji mitungi ilitundikwa mistari kwa mistari, na upepo ulipotulia kilima chote kilisikika kikidondoka.

Watu waliogopa kila kitu isipokuwa kile cha kuogopwa. Waliziba milango kwa miiba. Walimfukuza mchuuzi wa chumvi kwa mawe. Waliogopa bundi, waliogopa vivuli vyao wenyewe. Na kwa kuwa waliogopa, walikumbatiana zaidi, wakala pamoja zaidi, wakalishana kwa mikono zaidi. Miiba ilikaa mlangoni, na Mgeni alipita, kwa sababu hakuwa na miguu ya kuchomwa. Alikuwa amebebwa.

Palikuwa na mama aitwaye Nakijwa. Kazi yake ilikuwa kupaka vyungu ngeu, ule udongo mwekundu unaovipa vyungu vyetu rangi ya jua linalozama. Alikuwa na watoto watatu. Mwezi ule alizika wawili, akabaki na mmoja, binti wa miaka saba, jina lake Nafue. Tangu mazishi ya pili Nakijwa alikuwa haachi kumgusa. Alimgusa paji la uso, alimgusa tumbo, alimwamsha usingizini kumuuliza kama anaumwa.

Nakijwa alikuwa na kipaji kingine. Alifinyanga vichwa vidogo vya udongo, kila kimoja kikubwa kama tunda la kunazi, akavivaa kwenye ncha za vidole vyake, na vidole vikawa watu. Gumba alikuwa mzee mnene asiyependa kuamka. Wa mwisho alikuwa kitoto kilichodeka. Watoto wa jirani walikuja kuvisikiliza vikigombana. Katika siku zile za mazishi walikuja kimya, wakaketi kimya, na hata walipocheka walitazama nyuma kwanza.

Siku moja Nafue alichota ngeu ya mama yake ili avipake vile vichwa mashavu. Akacheza na wenzake wanne uani hadi saa ya kula. Walijifuta kwa majani, kama ilivyokuwa desturi, wakaingia, wakala.

Nakijwa alipofika alisimama mlangoni, asiweze kuingia. Nafue alikuwa na wekundu mdomoni. Mkunde, mvulana wa jirani, alikuwa na wekundu mdomoni, na wale watatu vile vile. Wekundu ulikuwa kwenye ukingo wa chano, kwenye kata ya maji, kwenye nguzo ya mlango. Ulikuwa kwenye shavu la mtoto mchanga aliyelala pembeni, ambaye hakucheza na yeyote. Mtu alikuwa amempapasa tu alipopita. Mtoto mmoja ndiye aliyeshika ngeu. Wote walikuwa wameila.

Alitazama wekundu ule kama mtu anayetazama nyayo. Akawakumbuka waliokufa, mmoja mmoja, na nani alikula na nani. Mgeni hakuwahi kubisha hodi kwa sababu walimleta wenyewe, viganjani, mpaka midomoni mwa watoto wao.

Kesho yake asubuhi Mkunde alitapika.

Nakijwa alijaribu kumfuta Nafue ngeu kwa jani. Haikutoka. Akamchovya mikono ndani ya bakuli la maji. Maji yakawa mekundu, na mikono ikatoka humo bado myekundu. Akajua kwamba maji yanayokaa hayamfukuzi Mgeni, yanamhifadhi. Yanatakiwa maji yanayoondoka, na majivu ya kukwangulia. Lakini alikuwa peke yake, na mtu mmoja hawezi kumimina huku akisugua. Alikaa akiitazama mitungi yake mipya, ile mizima, akiwaza ule wa kaburini unaojimimina wenyewe. Kisha akautwaa mmoja, akaenda kwa Bibi Namkunda, mkuu wa wafinyanzi, kuomba ruhusa ya kuosha.

Bibi Namkunda alimsikiliza mpaka mwisho. Alimkumbusha kwamba msimu haujaisha. Alimuuliza kama msiba umemla akili. Halafu akasema kwa sauti ya chini, "Ukiosha mikono ya mtoto huyu leo, umeosha mikono ya bibi zako wote."

"Bibi zangu wamelala, Bibi," Nakijwa akajibu. "Mwanangu ndiye yuko macho."

Akarudi kwake. Akachota maji kwenye chemchemi ya juu, mbali na shimo. Akachukua msumari wa mfupa, akautoboa mtungi tumboni mbele ya watu, akauziba kwa kijiti, akautundika si makaburini bali mlangoni pake.

Wanawake waliokuwa wakipita walitua mizigo. Mmoja akaanza kulia kilio cha msiba, na wengine wakamfuata, kwa sababu walijua mtungi uliotobolewa una maana gani, na walijua mle ndani amebaki mtoto mmoja tu. Nakijwa akachomoa kijiti. Ti, ti, ti.

Nafue alitoka ndani kwa mlio ule. Aliutazama mtungi, akawatazama wanaolia, akaitazama mikono yake.

"Mama," akauliza, "kwani nimeshakufa?"

Nakijwa akamsogelea. Alipomshika mkono, mtoto alipiga mayowe, akamponyoka, akarudi ndani, akaukumbatia mguu wa kitanda kwa nguvu zote. Alisema hataki kunywa maji ya mwisho. Alisema atakuwa mtoto mzuri. Na maji yalikuwa yakidondoka, yanaisha, na kwenye nyumba ya pili Mkunde alikuwa akiugulia.

Mama angeweza kumburuta. Hakumburuta. Aliketi chini ya mtungi, akavaa vichwa vyake vya udongo vidoleni. Akamfanya yule mzee mnene apige miayo. Kisha, kwa kufuata mdundo wa matone yale yale ya kaburini, akaimba:

*We gumba, njoo uoge,*
*Shahada, njoo uoge,*
*Wa kati, usikimbie,*
*Wa pete, usijifiche,*
*Wa mwisho, mdogo wangu,*
*Mgeni asikuone.*

Aliimba huku akivivua vichwa kimoja kimoja na kuvisugua vidole vyake mwenyewe kwa majivu chini ya matone. Aliimba mara ya pili. Mara ya tatu Nafue aliuachia mguu wa kitanda. Alikuja kwa magoti, akiutazama mtungi kama mtu anayemtazama mbwa asiyemjua, akanyoosha kidole gumba peke yake. Halafu kile cha pili. Ngeu ikaanza kutoka, ikatiririka chini ya mlango, ikaenda zake.

Mkunde alizikwa kesho yake. Mtungi wake ulidondoka makaburini, wa Nafue ukadondoka mlangoni, na aliyesimama katikati ya kijiji hakuweza kuitofautisha. Siku tatu Nakijwa hakulala. Alimkataza mwanawe kula kwingine. Kila kabla ya tonge, mtungi na wimbo. Siku ya pili Nafue alisema tumbo linauma, na mama akahisi nyumba imeinama. Lilikuwa ni tumbo la njaa. Mtoto alikuwa amekataa kula mpaka aimbe mara tatu.

Wazazi waliwakataza watoto wao kukanyaga pale. Lakini wimbo hauzibwi kwa miiba. Walikuja mmoja mmoja kwa kunyatia, mikono imefichwa mgongoni, wakaomba yule mzee mnene apige miayo. Wakaosha. Wakarudi makwao wakiwa wanaimba kwa kunong'ona, na makwao wakakataa kula bila maji. Walipigwa, wakaendelea kukataa. Na watoto wale walibaki hai.

Siku ya kumi Bibi Namkunda alishuka mwenyewe, akishikilia fimbo. Alikuwa amezika wajukuu wanne, na amebakiwa na mmoja aliyekuwa akiimba wimbo ule kila kukicha. Alinyoosha mikono yake mbele ya Nafue. Ilikuwa na udongo wa msimu mzima, umekauka, umepasuka.

"Niimbie, mjukuu wangu," akasema. "Lakini polepole. Naogopa."

Nafue akamwimbia. Aliosha kidole kwa kidole mikono iliyofinyanga kwa miaka sitini, na bibi alifumba macho, akisubiri kuusikia ufundi ukimtoka. Kijiji kizima kilimfuata hadi kwenye kibanda chake. Alichukua donge. Akalizungusha. Chungu kikainuka chini ya viganja vyake safi, tumbo, bega, shingo, mdomo, kikasimama. Yule bibi hakushangilia. Alilia, kwa kuwa alielewa kwamba ufundi haukuwahi kukaa pale walipodhani, na makaburi yalikuwa tayari yamejaa.

Alipomaliza kulia aliomba msumari wa mfupa, akakitoboa.

Na tangu siku hiyo hatutundiki tena mtungi makaburini. Tunautundika mlangoni, kwa walio hai, na hakuna mkubwa anayegusa chakula kabla mdogo hajamaliza kuimba, kwa sababu wadogo ndio waliosikia kwanza. Wapo wanaosema Mgeni alikimbia. Msiwaamini. Hana miguu, angekimbiaje? Yuko hapo nje, shimoni, vichakani, juu ya nzi, anasubiri kidole kimoja tu kisahauliwe.

Haya, mlenda unapoa. Nyanyukeni mwende mtungini, na msiruke mstari wowote. Mimi sitawahesabu vidole. Yeye atawahesabu.