Kwa Nini Ningu Hupanda Mto Mvua Zinapoanza

Zamani hizo ningu hawakuujua mto. Waliishi ziwani, wakataga ziwani, na midomo yao ilitazama mbele kama ya samaki wengine.

Mahali mto unapoingia ziwani aliishi Kaijage, mtegaji wa samaki, na mkewe Nyamwiza, aliyeolewa kutoka upande wa juu wa mto, kwenye mawe, mwendo wa siku tatu kwa mtumbwi. Kila asubuhi Nyamwiza alipoosha vyungu, ningu walikuja kula ukoko mkononi mwake.

Kwao, mke humzaa mtoto wa kwanza nyumbani kwa mama yake. Mimba ilipokua, Nyamwiza akasema, "Nipeleke."

"Ngoja msimu wa kambare upite," Kaijage akajibu. Alikuwa ameuziba mto kwa uzio wa matete, ukingo hadi ukingo. Kuufungua ili mtumbwi upite kungewaachia kambare wote.

Mwezi mwingine ukaandama. Akaambiwa tena, akajibu vilevile.

"Basi ungewaoa hao kambare," Nyamwiza akamcheka. Kisha akawainamia ningu. "Nyinyi hamna mume wa kuwaambia ngoja. Nendeni mkamwambie mama nakuja."

Kaijage naye akacheka.

Mvua ikaja mapema, na uchungu ukaja nayo. Kaijage akampakia mkewe mtumbwini, akaukabili uzio kwa panga. Alikuwa ameusuka vizuri mno. Alipokata kamba ya mwisho, Nyamwiza alikuwa amekwisha kufa, na mtoto tumboni. Ndipo ningu, waliokuwa wamejazana mbele ya uzio tangu siku ile alipowatuma, wakapenya kwenye pengo, matumbo yamejaa mayai, wakaelekea juu.

Alipokwisha kuzika, Kaijage alifuata ukingo kwa miguu kumpelekea mama mkwe habari. Njia nzima alitafuta maneno. Akamkuta amekaa majini kati ya mawe, ningu wamemzunguka, midomo imevimba kwa kugonga miamba, wakitaga miguuni pake.

"Wamesema mwanangu anakuja," mama alisema. "Yuko wapi?"

Kaijage akaingia majini, akakaa kando yake.

Na tangu siku hiyo, mvua zinapoanza, ningu huliacha ziwa wakapanda kwenda kutaga kwenye mawe. Midomo yao ni minene, imepinda chini, nao huyapapasa mawe moja baada ya jingine kama wanaomtafuta mtu. Na watu wa huku chini, wanaposuka uzio, huacha pengo la upana wa mtumbwi mmoja, wala hakuna ategaye hapo.