Kwa Nini Ukoo Una Milango

Kabla watu wa ukoo mmoja hawajajua kugawana, neno mlango lilikuwa na kazi moja tu: kuutaja ubao unaofungwa watu wanapokwenda kulala. Hakuna aliyemuuliza mwenziwe yeye ni wa mlango gani. Ungeuliza hivyo siku zile, ungedhaniwa ni seremala unayetafuta kazi, au mwizi usiye na haya. Leo mnaulizana harusini huku mnacheka, mkiona ni swali zuri la kujuana. Basi tulieni, msikie lilikotoka, kisha mcheke mkiweza.

Palikuwa na mama mmoja, jina lake Mize, akikaa kwenye mteremko ulio juu ya bonde la mpunga. Mumewe, Ussi, alimjengea nyumba ya miti na udongo, na kila alipozaliwa mtoto akaongeza chumba ubavuni, mpaka nyumba ikawa ndefu kuliko ilivyokusudiwa. Ukumbi ulipita katikati toka mwanzo hadi mwisho. Lakini mlango Ussi aliuacha mmoja tu, kule mbele, wa ubao wa mfenesi. Alipofariki, wanawe watatu walikuwa wameshaoa, nao wakabaki humo humo na wake zao na watoto wao. Aliyeulizwa anatoka wapi alijibu, "Kwa Mize," na jibu likatosha.

Mize alishinda kizingitini akisuka ukili, na ungo wake ubavuni. Kila kilichoingia katika nyumba ile kilipitia kwenye ungo ule: muhogo, kunde, samaki, hata embe aliloliokota mtoto njiani. Yeye ndiye aliyegawa. Alijua nani ananyonyesha, nani ametoka kulima, nani tumbo linamsumbua. Tena hukuweza kumpita na uso uliokunjamana asikuulize umegombana na nani. Mwanamume aliyekwenda kunywa tembo ilimbidi abane pumzi anapopita, na bado mama alisema, "Pita taratibu mwanangu, kizingiti hakijahama." Watu walinung'unika, maana hakuna siri iliyoingia humo ikakaa. Lakini hakuna aliyelala na njaa, na hakuna aliyeumwa bila kujulikana.

Mwana mkubwa aliitwa Shaame. Alikuwa fundi wa kujenga, mikono yake ilifanana na ya baba yake, na katika wote ndiye aliyempenda mama kupita kiasi. Mkewe, Mkasi, alikuwa ameharibikiwa na mimba zilizotangulia. Kila mara nyumba nzima ilishajua, ilishafurahi, na baadaye nyumba nzima ilimhurumia, na huruma ile ilimchoma Mkasi kuliko maradhi yenyewe. Kwa hiyo mimba nyingine ilipoingia, yeye na mumewe walikula kiapo wasimtajie mtu, mpaka tumbo lijitaje lenyewe.

Mimba ile ilimkataza Mkasi kila chakula. Wali ulimtapisha, muhogo ulimtapisha. Kitu kimoja tu ndicho roho yake ilichokitaka.

"Nataka kanga," alimwambia mumewe. "Wa kuchoma. Na nimle mimi."

Shaame akatega porini, akapata kanga mnene, akarudi naye mbio. Lakini njia ya kuingia ilikuwa moja. Mize alimpokea kanga kwa furaha, akamwombea dua mwanawe, akamgawa yule ndege. Kidari alimpa mtoto wa Faki, yule mwanawe wa pili, kwa kuwa mtoto huyo alikuwa na homa. Mapaja aliwapa waliotoka kondeni. Mkasi alipata bawa, na hakuonewa, maana kwa macho ya mama alikuwa mzima wa afya. Alilipokea, akashukuru, akaenda chumbani akalia.

Shaame angeweza kuinama tu, akamnong'oneza mama yake: Mkasi ana mimba, ana uchu. Mize angempa kanga mzima na mifupa yake, na siri angeificha vizuri kuliko wao. Jambo lote lilikuwa ni maneno machache ya kunong'ona. Hakuyasema. Alikumbuka kiapo, akamwogopea mkewe, na kiburi kidogo nacho kikamshika: yeye fundi, ashindwe kumlisha mkewe kanga mmoja?

Kesho yake alichukua panga akakata fito za ukuta wa chumba chake, akang'oa nguzo moja ya baba yake, akafungua mlango upande wa nyuma, unaotazama porini. Mize, pale kizingitini, alilisikia panga.

"Unafanya nini, Shaame?"

"Chumba kina joto, mama. Natafuta upepo."

"Upepo gani huo unaotaka kupita wima?" Mama akacheka. "Haya, mwanangu. Nyumba ni yako."

Alimwamini. Shaame alimsikia akicheka, na moyo ukamuuma. Hata hivyo alimaliza kazi.

Kanga wa pili aliingia kwa nyuma, na wa tatu pia. Mkasi akala, akapata nguvu, mimba ikashika. Alijifungua mtoto wa kike mwenye kilio kikubwa, na nyumba nzima ikapiga vigelegele. Siku ile Shaame angeweza kuuziba ule mlango. Kazi yake ilikuwa imekwisha, siri imekwisha, udongo ulikuwa tele bondeni. Alijiambia ataziba mvua zikipungua. Mvua zilipopungua alijiambia ataziba akishavuna. Ndivyo tulivyo sote. Kutoboa tunatoboa siku moja, kuziba ndiko tunakokutafutia nafasi.

Faki pua yake ilikuwa nzima. Alikuwa amesikia harufu ya kanga wa kuchoma ikitoka kwa kaka yake, akangoja ungo upite, usipite. Hakugomba. Laiti angegomba! Alikwenda kuazima panga lile lile, akafungua mlango wake, akasema ni kwa ajili ya moshi. Kombo, mwana wa mwisho, alifungua wa kwake akasema ni kwa ajili ya mbuzi. Mize alisikia fito zikikatwa, mara hii hakuuliza.

Baada ya hapo kila mke alipika nyuma kwake. Watoto wakaanza kupigania kinu, na wake wakaanza kusemana. "Kinu wamekichukua wale wa mlango wa Faki." "Waulizeni wa mlango wa Shaame, ndio wanaokula kanga." Ulikuwa utani, lakini utani wenye mwiba. Ili watoto wasipite kupigana, Kombo aliweka kiambaza ukumbini, akatenga upande wake. Faki naye akaweka chake. Shaame, ambaye chumba chake ndicho kilichokuwa jirani na cha mama, aliona aibu kubaki wazi peke yake, kama kwamba yeye ndiye anayechungulia mambo ya watu. Akaweka kiambaza kati yake na mama yake. Alikikandika vizuri, fundi yule, hata ufa haukuonekana.

Mize alibaki kule mbele, kizingitini kwake, na ungo wake. Hakuna aliyepita. Wajukuu walikwenda kumwona kwa kuzunguka nje, siku wakikumbuka. Wake waliwekeana zamu ya kumpelekea chakula, na kwa kuwa kila mmoja alipikia mahali pake, hakuna aliyeona kama mwenziwe ametimiza. Yeye mwenyewe hakuwa mtu wa kuita. Maisha yake yote watu walikuja kwake wenyewe, kuita hakukuzoea.

Masika ya mwaka ule yalikuja kwa hasira. Njia ya kuzunguka nyumba ikawa tope tupu. Shaame alimsikia mama yake akikohoa upande wa pili wa kiambaza, akasema moyoni kwamba Faki bila shaka amekwenda, kwani ndiye mwenye mke hodari wa dawa. Faki alisema moyoni kwamba Shaame ndiye mkubwa, tena yuko naye ukuta kwa ukuta. Kombo hakusikia chochote, alikuwa mwisho wa nyumba na mbuzi wake. Kikohozi kikaendelea, kikapungua, kikanyamaza, na Shaame akashukuru kwamba mama amepata nafuu.

Mvua ilipopumzika, alizunguka mbele kwenda kutazama makuti ya paa. Akakuta mlango wa mfenesi umefungwa mchana. Akausukuma, ukakataa, ubao ulikuwa umevimba kwa maji.

"Hodi, mama," akasema.

Neno lenyewe lilimshtua. Hakuwahi kupiga hodi katika nyumba ile tangu alipozaliwa.

"Hodi, mama! Ni mimi, Shaame."

Alipokosa jibu alikimbia akaingia kwa mlango wake wa nyuma, akasahau kwamba ukumbi ameuziba mwenyewe. Alisimama mbele ya kiambaza chake kizuri kisicho na ufa, akakipiga kwa jembe mpaka kikaanguka.

Mize alikuwa amelala juu ya mkeka, kizingitini pale pale, amekwisha kuwa baridi. Homa ilimchukua, na njaa iliisaidia. Ungo ulikuwa pembeni yake. Ndani yake palikuwa na vipande vichache vya muhogo mkavu, na alikuwa ameshavigawa: fungu la kwa Shaame, fungu la kwa Faki, fungu la kwa Kombo, kila moja limekaa mbali na mwenziwe, likingoja mtu apite alichukue. Fungu lake mwenyewe halikuwemo.

Shaame alipiga ukelele ambao hata wa bondeni waliusikia.

Mize alipokwisha kuoshwa na kuvikwa sanda, ndugu waligombana. Kombo alitaka jeneza lipitie kwake, maana kule nyuma hakuna tope. Faki alitaka lipitie kwake, maana mlango wake ndio mpana. "Atatoka kwa mlango wake," alisema Shaame, akachukua shoka akaupasua ubao wa mfenesi wa baba yake, kwa kuwa haukukubali kufunguka. Kila pigo alilia kwa sauti, mtu mzima yule, na hakumwonea mtu haya.

Watu walikuja kutoka kila upande kutoa pole. Kwa Mize walikuwa wanapajua, lakini sasa walisimama uani wakitazama, hawajui waende wapi. Nyumba ilikuwa moja na milango ilitazama pande mbalimbali, na kwenye kila mlango palikuwa na watu wanalia. Wakaanza kuulizana kwa sauti ndogo, "Wewe umekuja kumpa pole wa mlango gani?" "Mimi wa mlango wa Kombo. Na wewe?" Wakajigawa hivyo, wakaingia. Watoto wa tumbo moja walimlilia mama mmoja, kila mtu kwake, na baina yao pana ukuta wa udongo.

Matanga yalipokwisha, Shaame alichota udongo bondeni akauziba mlango wake. Kisha akawaendea wadogo zake.

"Ndugu zangu, mimi ndiye niliyeanza," alisema. "Sikuwa natafuta upepo. Nilikuwa nampitishia mke wangu kanga. Nimeziba wangu. Zibeni na nyinyi, turudi mbele."

"Ungesema siku ile, kaka," Faki akajibu, "kidari mwanangu angekiacha. Lakini sasa watoto wangu wameuzoea mlango wao. Kule mbele turudi kwa nani?"

Shaame alirudi akakaa kizingitini peke yake, na hakuna aliyepita. Udongo mpya haukushikana na wa zamani, nguzo alizong'oa yeye na wenziwe hazikuwa na badala, na masika yaliyofuata yaliibeba nyumba yote. Hawakuijenga tena. Kila ndugu alikwenda akajenga pake, huyu juu ya kilima, huyu ng'ambo ya bonde, huyu karibu na kisima. Nyumba haipo, kuta hazipo. Kilichobaki ni milango, na hiyo waliihamisha midomoni mwao.

Shaame alizeeka akiwa na wajukuu wengi. Katika harusi moja ya ukoo, bibi arusi mgeni alimwona mzee amekaa pembeni, akamwinamia kwa adabu. "Shikamoo babu. Wewe ni wa mlango gani?"

"Marahaba, mwanangu," akajibu. "Mimi ni wa kwa Mize."

Yule binti akageuka kuwauliza wenyeji, nao wakacheka. "Mzee amesahau," wakamwambia. "Huyo ndiye mlango wa Shaame mwenyewe." Shaame akatikisa kichwa, lakini ngoma ilikuwa imeanza na hakuna aliyemtazama.

Na tangu msiba ule mpaka leo, ukoo una milango. Watu wa damu moja wakikutana, kabla hawajaulizana hali, huulizana mlango, na kila mlango una sufuria zake, shamba lake na manung'uniko yake juu ya wenzake. Ulizia wa Shaame, utaonyeshwa watu wake. Ulizia wa Faki na wa Kombo, watakujia wamejaa uani. Ulizia mlango wa Mize, ambao wote hao walitokea humo, utaambiwa umekosea njia.