Mheshimiwa Dubu na Waonjaji Wake

— Jamani, nimefika!
— Umefika na nini?
— Nimefika na uongo!
— Mtamu au mchungu?
— Mtamu hadi mdomo unanata!
— Basi mwaga, tulambe!

Haya, namwaga. Sogeeni. Wewe pale mwenye miguu mirefu, ikunje, wenzako wapate kukaa.

Hapo kale, mbali huko Amerika ya wanyama, alikuwapo rais, na rais mwenyewe alikuwa Dubu. Mnamjua dubu? Mnyama wa nchi za baridi, mzito, manyoya kama zulia. Alitawala, akatawala, akatawala, mpaka wanyama wakasema, "Mheshimiwa, muda wako umekwisha, rudi kwa mkeo." Wakampigia ngoma, wakamvisha utepe mwekundu kifuani, wakamsindikiza hadi mlangoni kwake, kisha wakatimua mbio asije akageuka.

Nyumbani alikuwapo mkewe, Bi Dubu, pamoja na wajukuu wawili, watoto wa binti yao Siwatu, walioletwa kulelewa na bibi. Bi Dubu alifurahi jamani! Miaka yote ile mume alikuwa wa taifa, leo amerudi kuwa wake. Akapika, akatandika, akamfungulia mlango. "Baba Siwatu, karibu!"

Dubu akanguruma, "Baba Siwatu ndiye nani? Mimi ni Mheshimiwa Rais!"

Loo! Kumbe Dubu katoka ikulu, lakini urais kaubeba! Akaketi sebuleni kwenye kiti kikubwa, na utepe wake kifuani, hainuki. Bi Dubu akitoka mtoni na samaki, Dubu anauliza, "Nani rais hapa?"

"Wewe, Mheshimiwa."

"Basi lete!"

Gwa, gwa, gwa! Samaki kwisha.

Wajukuu wakirudi na chungu cha asali, nyuso zimevimba kwa nyuki, babu anauliza, "Nani rais hapa?"

"Wewe, Mheshimiwa."

"Basi leteni!"

Lamba, lamba, lamba! Asali kwisha.

Hata jirani yao Kuchakuro, yule mnyama mdogo wa mtini mwenye mkia kama brashi, hakupona. Karanga alizozifukia ardhini zilichimbuliwa zote. "Ni mchango wa taifa," akasema Dubu huku akitafuna.

Sasa tulieni, hapa pana jambo. Dubu si kama sisi. Baridi kali ikija, dubu hulala, hulala, hulala mpaka baridi iishe, na muda wote huo hali kitu. Aliyenenepa huamka. Aliyekonda haamki. Na wale wajukuu walikuwa mbavu tupu! Na upepo wa baridi ulikwishaanza: vuuu!

Bi Dubu akaenda nyuma ya nyumba akalia. Kuchakuro akashuka mtini, chaka-chaka-chaka.

"Bibi, unalia nini?"

"Mwanangu, hawa watoto watalala wasiamke. Na yule ni mume wangu, siwezi kumpiga."

"Nani kasema tumpige? Tutamheshimu, Bibi! Tutamheshimu mpaka akome!"

Asubuhi Kuchakuro akajivika jani kichwani kama kofia, akaingia sebuleni, akapiga saluti: tap!

"Mheshimiwa, jana nilikuona unakula, nikakosa usingizi. Rais mzima anakula hivihivi, chakula hakijaonjwa na mtu!"

Dubu akaacha kutafuna. "Enhe! Kweli! Ikulu nilikuwa naonjewa kila kitu."

"Au maadui zako wameisha?"

"Waishe wapi! Wamejaa tele! Rais asiye na maadui, huyo alikuwa akifanya kazi gani?"

"Basi niruhusu nikuonjee."

Dubu akavimba kwa raha. Ikaletwa asali. Kuchakuro akachovya kidole, nyo! Akafumba macho, akafumbua.

"Mimi mzima. Lakini Mheshimiwa, mimi ni kuchakuro. Maadui zako si wajinga, watakuwa wametia sumu ya dubu. Aonje dubu!"

Wakaitwa wajukuu. Lamba, lamba, lamba!

"Juu salama!" wakasema.

"Sumu huzama," akasema Kuchakuro. "Shukeni."

Lamba, lamba, lamba! "Katikati salama!"

"Shukeni tena."

Lamba, lamba, lamba, wakaingiza na vichwa! "Chini salama!"

"Hongera, Mheshimiwa!" Kuchakuro akaruka juu kwa furaha. "Chungu kizima kilikuwa salama! Hakuna rais aliyelindwa kama wewe!"

Dubu akapiga makofi pa! pa! pa! Halafu akachungulia chungu: kitupu!

Wakaletwa samaki. "Hapa tahadhari," akasema Kuchakuro. "Samaki hutiwa sumu ya watu wazima. Aonje Bi Dubu, vijana wamsaidie." Gwa, gwa, gwa! Mkia salama! Tumbo salama! Kichwa salama! Ukabaki mwiba mmoja, na Kuchakuro akaupigia saluti.

Siku zikaenda. Wajukuu mashavu yakawa maandazi. Bi Dubu akanawiri, akaanza hata kuimba. Dubu akakonda, akakonda, utepe ukawa unateremka wenyewe mpaka magotini. Tumbo lake lilikuwa linanguruma kuliko yeye.

Siku moja akanyatia jikoni, nyata, nyata, akashika chungu.

"Priiii!" Kuchakuro huyo darini! "Jamani njooni, Mheshimiwa anataka kujiua!"

"Sitaki kujiua! Nina njaa!"

"Aa, Mheshimiwa! Rais haoni njaa. Njaa ni ya wananchi."

Dubu akageuka, akatazama dirishani. Nje theluji ya kwanza ilikuwa inaanguka. Dubu akaogopa. Nawaambia aliogopa kwelikweli, jitu lile!

"Kuchakuro, nikilala hivi nilivyo, sitaamka."

"Huamki, Mheshimiwa. Lakini utazikwa kitaifa, na mizinga itapigwa!"

"Sitaki mizinga! Nataka kuamka! Niambie, nani anaruhusiwa kula bila kuonjewa?"

"Ah, watu wa kawaida tu. Mabibi. Majirani. Mababu. Nani atajisumbua kumtilia babu sumu?"

Dubu akaushika utepe. Akauangalia. Akauvua, akauweka chini polepole.

"Mimi ni babu," akanong'ona.

"Sijasikia!"

"MIMI NI BABU! Mimi ni Baba Siwatu! Nipeni chakula, jamani!"

Nyumba nzima ikatikisika. Wajukuu wakamrukia shingoni. Bi Dubu alikuwa amesimama na mwiko mkononi, machozi yanamtoka. "Nimekungoja wewe miaka yote ya ikulu," akasema. "Karibu nyumbani, Baba Siwatu."

Wakaandaa sinia moja, wakalizunguka, kila mmoja na upande wake. Mkono wa Dubu ukatembelea upande wa wajukuu: paa! mwiko wa Bi Dubu. Mkono ukarudi kwao.

Walipomaliza, akakabidhiwa kikapu. "Babu, twende mtoni!" Chubwi! Kumbe yale makucha yanajua kuvua! Akatoa samaki hawa, akatoa na hawa, akacheka mwenyewe kama mtoto. Na karanga za Kuchakuro akazilipa, akitikisa miti porini: pukutu, pukutu! Wakala, wakanenepa wote, wakalala kwa kubanana, babu katikati. Krooo! Baridi ikaja na vishindo vyake, ikachoka, ikaondoka. Wajukuu wakaamka. Bi Dubu akaamka. Wakamtikisa babu, kimya. Wakamtikisa tena, kimya! Bi Dubu akamwinamia sikioni, akaita, "Mheshimiwa Rais!"

Jicho moja likafunguka. "Huyo hayupo," akasema Dubu. "Yupo Baba Siwatu. Chai iko wapi?"

Funzo lake ni hili. Watoto, mkubwa akiletewa chakula, mheshimuni, muonjeeni mpaka chini. Na nyinyi wakubwa mlio na vyeo, msikubali kustaafu hata kidogo! Mwenzenu alikubali, akaishia kuvua samaki, kunenepa, na kupendwa na mkewe. Aibu iliyoje!

— Uongo wangu nimeutua!
— Tumeupokea!
— Ulikuwa mzito?
— Tulisaidiana!
— Basi aliyeupenda aende nao kwao, na asiyeupenda aniachie, nitampa mwingine.