Mawe ya Kalavati na Magoti ya Ngiri

Jiko linavuja, kuni mbichi, moshi unanitoa machozi, na nyie mnataka ngano. Haya. Nanyi wakubwa msijifanye mnapita tu. Kaeni.

Paukwa!

Pakawa.

Huo nao mwitikio? Hamjala? Paukwa!

Pakawaaa!

Hapo zamani za kale, wanyama wa bondeni walitaka barabara. Kazi wakampa Ngiri. Wakamletea mawe, kila mmoja na jiwe lake, ajenge kalavati, maji ya mlimani yapite chini ya barabara yaende zake mtoni.

Ngiri akayapeleka mawe kwake. Akajenga kuta. Akajenga na baraza. Barabarani akamwaga udongo mtupu, akaita msaragambo, waje wote washindilie.

"Kanyageni, ndugu zangu!"

Ndi! Ndi! Ndi!

Mama Fuko akauliza, "Mzee Ngiri, maji yatapita wapi?"

"Oneni! Kipofu anauliza njia!"

Wakacheka. Kuta za Ngiri kila mmoja aliziona, na kila mmoja akacheka. Ndi! Ndi! Ndi!

Mvua ikaja. Chwaa! Chwaa! Maji yakashuka, yakafika barabarani, yakakosa pa kupita. Yakasimama. Yakapanda. Yakaingia kwa Mama Fuko. Alikuwa na watoto watatu. Alitoka peke yake.

Wanyama wakaenda matangani. Wakalia, wakala, wakarudi makwao. Ngiri naye alikula, tena akaongezewa.

Bi Pimbi hakula. Alikwenda moja kwa moja kwa Korongo, hakimu wao, akamshtaki Ngiri.

Siku ya kesi Ngiri akaja anatikisa mkia. "Bi Pimbi, wewe unakaa juu ya jabali. Nyumba yako imelowa?"

"Haijalowa."

"Umefiwa?"

"Sijafiwa."

"Basi unawashwa na nini? Aje mwenye msiba!"

"Mwenye msiba yuko kwenye tope, anawatafuta wanawe kwa kupapasa. Nikuulize, Mzee Ngiri. Chui akija, nani hupiga yowe?"

"Nyie pimbi. Si ndiyo kazi yenu?"

"Na mara ya mwisho alikuja kwa nani?"

Ngiri akaacha kutikisa mkia.

"Alikuja kwako. Mimi nilikuwa juu, salama. Ningengoja aning'ate mimi kwanza?"

Korongo akasimama kwa mguu mmoja. Akafikiri. Akashusha mguu wa pili.

"Yowe halina mwenyewe," akasema. "Kesi nimeipokea. Ngiri, mawe yako wapi?"

Ngiri akatazama chini. Na wengine wote wakatazama chini, maana walijua.

Sikieni, nyie mnaosinzia. Baya la wote halingoji mwenye msiba aje kulisema peke yake. Ukiliona ukacheka, nawe umelikanyagia.

Korongo akaamuru mawe yarudi barabarani. Ngiri akabomoa nyumba yake, jiwe moja moja. Akaichimba barabara kwa meno yake, magoti kwenye tope, mpaka maji yakapita. Chururu! Yalipokwisha, akawatoa watoto wa Fuko kwa mdomo wake, akamkabidhi mama yao. Mama Fuko hakusema asante. Aseme ya nini?

Nyumba Ngiri hakupata tena. Hulala kwenye mashimo waliyochimba wengine. Na akitaka kula, lazima apige magoti. Hadithi yangu imeishia hapo kwenye tope, na Ngiri hajainuka mpaka leo.